Neema: jina lenye e mbili

Leo nimechagua jina moja tu la msichana, na nitakaa nalo mpaka mwisho wa kipindi. Ukiita "Neema!" kwa sauti katika soko lolote la uwanda wa Ruzizi, tangu Kamanyola, Luvungi, Luberizi na Sange mpaka kushuka Uvira, hataitika mtu mmoja tu. Ataitika muuza sombe, ataitika mwanafunzi aliyetumwa chumvi, na pengine atainua uso mama mwenye wajukuu, na wengine tena. Mmoja kwao wanasema Kifuliiru, mwingine Kirundi, mwingine Mashi, mwingine Kinyamulenge, na mwingine ni mtoto wa askari wa kambi aliyekua na Lingala. Hakuna kati yao atakayeuliza jina la mwenzake lina maana gani. Hapo ndipo ubishi unapoanzia. Wapo wanaosema kwamba Neema ni mpangaji katika nyumba yetu: limetoka Arabuni, likapita pwani, likaletwa na misafara, likabatizwa na wamisionari, na sasa limekalia kiti cha majina ya mababu. Mimi nasema ni mwenye nyumba. Sidai kwamba limezaliwa hapa. Nadai kwamba limefanyishwa kazi hapa, na kazi hiyo imeligeuza kiasi kwamba msafiri aliyelileta angelisikia leo asilitambue, kwa sauti wala kwa maana.

Tuanze na sauti, kwa sababu sauti haina upendeleo. Kwa Kiarabu neno ni ni'ma, na katikati yake kuna herufi iitwayo ain, sauti ya kubanwa kooni ambayo mtu aliyekua na lugha za Kibantu huitafuta kinywani asiione. Kiswahili hakikuhangaika nayo. Kiliiacha, na mahali ilipokuwa kikaweka mwangwi wa irabu. Ndivyo ilivyotendeka kwa maana, kwa saa, kwa taabu na kwa taarifa: mkiona irabu mbili zimeongozana katika neno lililotoka Kiarabu, mara nyingi hapo pamezikwa ain. Kisha i ikafunguka ikawa e, na mkazo ukaenda kwenye silabi ya pili kutoka mwisho kama desturi ya Kiswahili inavyotaka. Ni'ma ikawa ne-e-ma, silabi tatu, uzito ukiwa kwenye e ya pili. Mzizi wa neno hilo kwa Kiarabu ni herufi tatu, nun, ain na mim, na maana yake ya chini kabisa ni ulaini: wa nguo, wa ngozi, wa maisha yasiyo na mikwaruzo. Una watoto wengi. Naim ni raha, hasa ile ya peponi. Naima ni jina la msichana, dada wa damu wa Neema, ambalo mpiga saksafoni wa Marekani John Coltrane aliupa muziki wake wa mwaka 1959 kwa ajili ya mkewe. Hata "naam" yetu ya kuitikia, waandishi wa kamusi za Kiarabu huiweka chini ya mzizi huo huo. Hapa pana kichekesho kidogo: kwa adabu ya zamani ya pwani, mvulana akiitwa hujibu "naam", msichana hujibu "abee", kwa hiyo Neema wa Mombasa alinyimwa itikio linalofanana na jina lake, likapewa kaka yake.

Mtoto wa mzizi huu ninayetaka mumtazame vizuri zaidi ni an'am, yaani wanyama wa kufugwa: ngamia, ng'ombe, mbuzi na kondoo. Ndilo jina la sura ya 6 ya Kurani. Kwa wafugaji wa jangwani, raha ya maisha ilikuwa na miguu minne. Sasa tuupande mlima twende Walungu na Kabare, kwa Bashi. Huko enkafu ni ng'ombe, na kiambishi na- humtaja mwenye kitu, kama Nabushi alivyo mwenye Bushi. Binti anaitwa Nankafu, mwenye ng'ombe. Mwingine anaitwa Nabintu, mwenye vitu. Watu wawili wasiowahi kuonana, Mwarabu na ngamia wake, Mushi na ng'ombe wake, kila mmoja alipotafuta neno la heri alipitia zizini. Kwa hiyo anayesema Neema alifika Kivu bila kuwa na ndugu, ajue kwamba jina lilipoingia lilikuta wazo lake limeshakaa, linakunywa maziwa.

Kiswahili chenyewe kimeihifadhi maana hiyo ya tumbo. Kuneemeka ni kushiba, kupata mali, kustawi. Mwaka wa neema ni mwaka wa mvua na mavuno, na katika uwanda huu wa mpunga, mahindi na mihogo, ambako mvua ikichelewa kila mtu anajua kabla redio haijatangaza, maana hiyo haihitaji mfasiri. Halafu neno likapanda. Wamisionari waliotafsiri Biblia kwa Kiswahili, kuanzia karne ya 19, walitafuta chombo cha kubebea charis ya Kigiriki, ule wema wa Mungu ambao mtu hapewi kwa sababu ameustahili. Wakachagua neema. Hawakubuni kitu kipya, kwani Wakristo wanaosali kwa Kiarabu huitumia ni'ma kwa kazi hiyo hiyo, jambo ambalo wale wanaodhani kila neno la Kiarabu ni la Kiislamu hulisahau. Hapo maana iligeuka. Ng'ombe huhesabiwa, hulipwa, hudaiwa. Charis haidaiwi. Kilatini kiliiita gratia, na kutoka hapo Kifaransa kikapata grâce, kikapata na gratuit, lile neno la bure ambalo kila mtu wa Bukavu analifahamu hata kama hakusoma. Neno lililoanza na mali likaishia kutaja kile ambacho mali haikinunui. Safari hiyo ndefu, kutoka zizini hadi kwenye kitu kisicho na bei, ndiyo historia yenyewe ya jina hili, na nitairudia nikifika kwenye suala la mahari.

Mtaona pia kwamba jina hili halikai katika dini moja. Katika Injili ya Luka, neema ni neno la malaika anapomsalimu msichana wa Nazareti, na kutoka hapo limeingia katika sala ya Salamu Maria. Mkatoliki anayemaliza rozari ya mafumbo matano amelitamka mara 53. Muislamu wa Uvira naye, katika rakaa 17 za faradhi za siku moja, husoma Fatiha mara 17, na ndani ya Fatiha kimo kitenzi cha mzizi huo huo, cha kuneemesha. Mpentekoste hahesabu, lakini naye hamalizi ibada bila kulitaja. Ni majina machache ya wasichana yanayopita vinywani mwa watu kwa wingi huo kabla ya chakula cha jioni. Na linao dada duniani. Kwa Kiebrania ni Hana, aliyekwenda Ulaya akawa Anna na Anne. Kwa Kiingereza ni Grace, kwa Kifaransa Grâce, jina ambalo huku kwetu nalo linapendwa. Ila Grâce ana kitu ambacho Neema hana: kwa Kifaransa neno hilo hutaja pia uzuri wa mwendo, jinsi mtu anavyoubeba mwili wake. Neema ya Kiswahili haigusi mwili. Ni jina la staha kabisa, na halisemi lolote juu ya uso, ngozi wala kiuno. Binti wa sura yoyote hulivaa bila kumpwaya, na akizeeka halimcheki.

Sasa nije kwa wapinzani, na nianze na aliye mkali. Anauliza: hicho Kiswahili kilifikaje hapa? Hakikuja mikono mitupu. Aprili 1858 Waingereza Richard Burton na John Speke walifika Uvira kwa mitumbwi wakitokea Ujiji, wakiutafuta mto Ruzizi, na njia waliyoifuata toka pwani ilikuwa njia ya wafanyabiashara wa pembe na wa watu. Katika msafara wao walikuwamo Sidi Mubarak Bombay na Mabruki, wote wawili wakiwa wamewahi kuwa watumwa. Sikilizeni majina hayo. Mubarak, Mabruki: yote mawili maana yake ni aliyebarikiwa. Pwani ilikuwa desturi ya mabwana kuwapa watumwa majina ya heri, akina Baraka, Faraji, Bahati na Majaliwa, kana kwamba heri ilikuwa ya bwana kuwa nao. Novemba 1871 wasafiri Livingstone na Stanley wakaja kuthibitisha kwamba Ruzizi unamwaga maji katika Ziwa Tanganyika, hautoki humo. Baadaye watu wa Rumaliza, tajiri wa Ujiji, wakaitia hofu kaskazini ya ziwa, mpaka vita vya 1892 hadi 1894 kati ya Wabelgiji na Waarabu vilipoivunja nguvu yao. Mwenye kusema majina ya namna hii yalipita njia ya minyororo hajasema uongo, na sitamjibu kwa kumnyamazisha.

Nitamjibu kwa kumwomba atenganishe anayelipokea jina na anayelitoa. Mabruki hakujipa jina lake, wala mama yake hakumpa. Mama wa Luberizi anayemwita binti yake Neema hana bwana nyuma yake. Amelichukua neno ambalo zamani lingetolewa kutoka juu, akalitoa mwenyewe, kwa mtoto wake mwenyewe, katika lugha anayouzia mchele na kumzikia ndugu. Na Kiswahili hakikuingia kwa mlango mmoja tu. Mapadre Weupe walifungua kituo upande wa magharibi wa Ziwa Tanganyika, Mulweba, mwaka 1880. Wapentekoste wa Uswidi walianza kazi Uvira katika miaka ya 1920. Mashamba ya pamba ya uwanda na kiwanda cha sukari cha Kiliba viliwakusanya watu wasiokuwa na lugha moja, wakahitaji moja. Lugha iliyoletwa na wachache ili waamrishe ilitwaliwa na wengi ili waelewane. Kama tutalikataa kila neno lililopita mikononi mwa mtu mbaya, basi tutafute jina jingine la saa, la kitabu na la shule, hili la mwisho likiwa la Wajerumani. Na Kifaransa nacho, tukumbuke, kiliingia Kongo na mjeledi wa mfalme Leopold, lakini sijaona Jeanne yeyote akiombwa arudishe jina lake.

Kuna wakati serikali yenyewe ilijaribu kuamua jina lipi ni la Mkongomani na lipi si lake. Januari 1972 rais alijivua Joseph-Désiré, akawa Mobutu Sese Seko Kuku Ngbendu wa Za Banga, na majina ya ubatizo wa Kizungu yakapigwa marufuku. Padri aliyethubutu kumbatiza mtoto kwa jina kama hilo alitishiwa kifungo cha miaka 5. Kardinali Malula wa Kinshasa, aliyepinga, ilimbidi akae Roma kwa miezi kadhaa. Fikirini nafasi ya jina letu siku hizo. Marie alikatazwa. Anne alikatazwa, Grâce pia. Neema alipita katikati yao akiwa amenyoosha shingo: kwa karani wa leta lilikuwa jina la Kiafrika, kwa mchungaji lilikuwa Injili nzima katika silabi tatu. Sisemi ndipo lilipozaliwa, maana lilikuwapo kabla, pamoja na Mapendo, Tumaini na Furaha. Nasema kwamba marufuku ile, iliyokusudiwa kuwakata watu na kanisa, iliyafungulia mlango majina ya Kiswahili ambayo kanisa lilikuwa limeshayajaza maana. Sheria ya Familia ya 1 Agosti 1987, ambayo ilirekebishwa mwaka 2016, ilitaka majina yachotwe katika urithi wa utamaduni wa nchi, yasitukane wala yasidhalilishe. Na Katiba ya 18 Februari 2006 inakitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa pamoja na Kikongo, Lingala na Tshiluba. Kama lugha ni ya taifa, kisima kinachochotwa ni hicho. Kwa upande wa sheria sina la kuongeza.

Mpinzani wa pili ananisumbua zaidi, kwa sababu ana haki karibu yote. Anasema: achana na Waarabu na Mobutu, tatizo la Neema ni kwamba likiingia, jina la Kifuliiru linatoka. Jina la lugha ya nyumbani lina kazi ambayo Neema haliwezi kuifanya. Tazameni kwa jirani zetu Warundi, ambao mtafiti wao Philippe Ntahombaye aliandika kitabu kizima juu ya majina ya watu mwaka 1983. Jina la Kirundi mara nyingi ni sentensi kamili. Hakizimana: anayeponya ni Mungu. Nzikobanyanka: najua kwamba wananichukia. Baba aliyemwita mwanawe hivyo alikuwa anasema na jirani wa upande wa pili wa mgomba, kila siku, bila kugombana naye, kwa kumwita mtoto aje kula. Jina la namna hiyo ni barua iliyofungwa, na anayeijua lugha tu ndiye anayeifungua. Likipotea, hupotea pamoja na ugomvi, kifo, njaa au shukrani iliyolizaa. Neema haliwezi kubeba habari ya jirani yule. Ni neno moja, tena neno la wote, na kilicho cha wote hakiwezi kuwa na siri ya nyumba moja. Hapo nakubali bila kuvuta kamba.

Lakini nakubali nikiwa na mambo mawili mkononi. La kwanza ni kwamba desturi yetu ya Kongo haimlazimishi mzazi kuchagua. Mtoto wetu ana jina, ana jina la pili, na tena ana lile la mbele, na ndugu wa tumbo moja wanaweza kuwa na majina ya ukoo tofauti bila mtu kushangaa. Nafasi ipo. Mtetezi wa wanawake na wa watu wenye ulemavu anayejulikana sana kutoka milima ya Kivu Kusini, aliyeugua polio utotoni, anaitwa Neema Namadamu: neno la uwanda wote limetangulia, neno la kwao linafuata. Majina ya Kifuliiru yakipungua, tusimlaumu Neema aliyekaa kiti chake. Tumuulize mzazi aliyeacha kiti cha pili kitupu au akakijaza kwa jina la mchezaji wa mpira wa Ulaya. Jambo la pili si la furaha. Katika uwanda huu jina la ukoo limewahi kuwa hatari. Kwenye bariyeri, pale kadi ya mpiga kura inaposhikwa na mtu mwenye bunduki, jina linaweza kusema juu ya kabila la mtu mambo ambayo yeye mwenyewe hakuyasema. Neema halisemi. Mfuliiru analo, Murundi analo, Munyamulenge analo, Mushi na Mubembe wanalo. Wengine wataona huko ni kujificha. Mimi naona kwamba barua iliyofungwa ni kitu kizuri mpaka siku inapofunguliwa na adui, na mzazi aliyeiona siku hiyo ana haki ya kumpa bintiye neno lililo wazi kwa kila mtu na lisilomchongea kwa yeyote.

Mpinzani wa tatu ni mwanamke, na anakuja na orodha. Anasema: angalieni mnavyowaita mabinti. Faida. Riziki. Zawadi. Nabintu. Nankafu. Neema. Hayo ni majina ya watoto au ni daftari la duka? Mtoto wa kike anazaliwa, na kabla hajafumbua macho ameshaitwa kile atakacholeta: ng'ombe wa mahari, faida ya baba, riziki ya kaka atakayeoa kwa mali hiyo hiyo. Hoja hii haitaki kupuuzwa, na kwa baadhi ya majina naona inapiga penyewe. Faida ni neno la hesabu, hata ulipambe vipi. Lakini Neema haliingii katika daftari hilo, kwa ile safari niliyoieleza. Lilitoka zizini kweli, ila halikubaki zizini. Maana yake ya sasa, ile ambayo kila kanisa na kila msikiti wa uwanda huu unaifundisha, ni kitu kinachotolewa bila malipo na kisichoweza kurudishwa kwa malipo. Mzazi anayemwita binti Neema, kisha akakaa kitako kudai ng'ombe wasiopungua idadi fulani, anabishana na jina alilolitoa mwenyewe, na binti akitaka kumkumbusha anayo ruhusa ya kamusi.

Tena iko hoja ambayo mwanamke huyu hajaiona, nayo imo ndani ya Kiswahili chenyewe. Neno neema ni nomino ya kitu. Tunasema neema imekuja, neema imetoweka, neema hii, neema zile. Liwekeni juu ya mtoto, na papo hapo sarufi inahama: Neema amekuja, Neema ametoweka, Neema huyu. Herufi moja, i kuwa a, na neno limetolewa katika kundi la vitu na kuwekwa katika kundi la watu. Kifaransa hakiwezi kufanya hivyo. Grâce ikija na Grâce akija, kitenzi ni kile kile. Kiswahili kinamlazimisha kila anayefungua kinywa, hata mshenga, hata mjomba mwenye tamaa, aseme Neema ameolewa. Akisema Neema imeolewa watoto watamcheka. Ni kweli kwamba jambo hilo linamsaidia Faida pia, na Zawadi, na Riziki. Mimi nalifurahia kwa wote.

Yuko na wa mwisho, ambaye hajengi hoja bali anatikisa kichwa. Neema gani, anauliza, katika uwanda huu? Kati ya 1994 na 1996 palijaa kambi za wakimbizi, Luberizi ikiwamo. Oktoba 1996 vikaanza vita ambavyo kila mara tunaambiwa vimekwisha. Kumwita mtoto Neema hapo si kumdhihaki? Huyu anadhani jina ni picha ya siku aliyozaliwa mtoto. Lakini wazee waliosema baada ya dhiki faraja hawakuisema wakiwa katika faraja. Na neema, kwa maana yake ya pili, haihitaji mwaka mzuri: ingekuwa inakuja kwa wanaostahili na wenye hali njema tu, ingerudi kuitwa mshahara.

Limebaki jambo moja dogo, la ofisini. Sheria inatoa siku 90 za kutangaza mtoto aliyezaliwa, na wengi wetu tunafika siku ya 89, tukiwa na haraka, mbele ya karani aliyejifunza kuandika kwa Kifaransa. Kifaransa hakipendi irabu mbili zinazofanana zikae pamoja. Ndiyo maana kuna mabinti ambao makaratasi yao yanasema Nema, na wengine wameongezewa h katikati ili e zisigusane, na mmoja ana Nema kwenye cheti cha kuzaliwa na Neema kwenye diploma, kisha anatumwa huku na huku kuthibitisha kwamba yeye ni yeye. E ya pili haikuwekwa kwa urembo. Ndiyo kaburi la ile ain, ndipo sauti ya kooni ilipolala Kiswahili kilipokataa kuibeba, na ndiyo inayoshika mkazo mama anapoita kutoka upande wa pili wa shamba. Mtajieni karani herufi moja moja: N, E, E, M, A. Kisha someni tena kabla hajapiga muhuri.